Unene wa Sweta Auamue Fundi

Maisha yangu ya kazi yamepita kwenye mashine ya kufuma ya kusukuma kwa mkono, huku Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania, ambako ikifika Juni na Julai mwanafunzi asiye na sweta anaumwa na baridi darasani. Miaka yote nimefuma kwa kushika nyuzi mbili, tatu au nne nyembamba pamoja, hata pale ambapo uzi mmoja mnene, uliosokotwa tayari kiwandani, ungefanya kazi ile ile. Mafundi wengine huuona utaratibu huu kuwa wa mtu asiye na mtaji. Mimi nauona ndio ufundi wenyewe, maana anayeshika nyuzi pamoja anaamua mwenyewe unene wa kitambaa chake, na anayenunua uzi mnene ameshaamuliwa.

Hesabu yake haina uchawi. Koni iliyoandikwa 2/28 ina nyuzi mbili zilizosokotwa pamoja, kila mmoja wa mita 28 kwa gramu. Kwa hiyo uzi unaotoka kwenye koni ni wa mita 14 kwa gramu. Nikipitisha wa koni mbili pamoja napata mita 7, nikipitisha wa koni nne napata mita 3.5. Mashine yenye sindano 12 kwa inchi inakula mbili bila kulalamika, na yenye sindano 7 inakula nne. Maana yake koni zile zile zinatoa sweta nyepesi ya karani na sweta nzito ya mtoto wa bweni. Shule hii inataka damu ya mzee, ile kijani, nyingine bluu iliyokoza. Fundi akitaka kuweka kila rangi katika unene wa aina tatu, fedha yake italala rafuni mpaka msimu mwingine. Wanaofuma kwa sindano za mkono nao huwa wanakosea jambo moja: wanadhani nyuzi mbili zinadai sindano nene mara mbili. Kinachoongezeka mara mbili ni ujazo wa uzi. Upana wake unapanda kama mara 1.4 tu. Aliyekuwa na sindano ya milimita 3 aende kwenye 4 au 4.25, na vitanzi vyake 28 kwa sentimita 10 vitashuka hadi karibu 20. Anayerukia milimita 6 anapata chandarua, kisha analaumu nyuzi.

Faida haiishii kwenye mfuko wa fundi. Uzi wowote una sehemu nene na sehemu nyembamba, na ni nadra udhaifu wa nyuzi mbili kuangukia kitanzi kimoja. Penye upungufu wa mmoja, mwingine unajaza. Ukikatika mmoja kwenye kiwiko, wa pili unabaki umeshika kitanzi, na mzazi anapata muda wa kuleta sweta itiwe kiraka kabla haijafumuka hadi begani. Rangi pia: koni za mikupuo miwili tofauti ya kutia rangi zikikutana ghafla katikati ya mgongo, mstari unaonekana toka mbali. Nikifuma sentimita kadhaa kwa uzi mmoja wa zamani na mmoja wa mpya, jicho halipati pa kushika. Tena naweza kuongeza uzi wa nailoni viwikoni na kwenye mikono tu, halafu nikautoa. Uzi mnene wa kiwandani hauna mlango wa namna hiyo.

Wanaopinga wana hoja, na nzito kuliko zote ni hii: nyuzi zilizoshikwa tu pamoja hazina msokoto wa kuzibana, hivyo zinasuguliwa kila mmoja peke yake, zinatoa vijidonge mapema na zinanasa kwenye misumari ya madawati. Ni kweli. Uzi mnene uliosokotwa vizuri unavumilia msuguano zaidi, na kwa soksi ningeuchagua huo. Lakini nyingi ya sweta zinazolalamikiwa zimefumwa kwa ulegevu ili kubana matumizi ya uzi. Kaza kitanzi, na sehemu kubwa ya lawama inaondoka. Hoja ya pili ni vile vikope vya uzi vinavyochomoza juu ya kitambaa. Hivyo vinatokana na mvutano usiolingana: koni iliyojaa inaachia uzi kirahisi, iliyokaribia kwisha inauvuta, na ule uliolegea unajikunja nje ya kitanzi. Kila uzi upite kwenye tundu lake na kibano chake, usuguliwe nta kabla ya kufika kwenye sindano, na koni ziwe za ukubwa unaokaribiana. Fundi anayezipitisha zote tundu moja asiseme mbinu ni mbovu.

Hoja ya kwamba ni ujanja wa maskini naijibu kwa Iceland, nchi isiyocheza na baridi. Huko wana sufu isiyosokotwa kabisa, plötulopi, inayouzwa ikiwa imeviringwa kama sahani, na wafumaji hushika nyuzi zake mbili au tatu pamoja kwa sweta zao maarufu. Wangeweza kusokota, wamechagua wepesi na hewa inayokaa kati ya nyuzi. Mteja anayeogopa kudanganywa nampa mizani: bei yangu inafuata uzito, na kilo ya nyuzi nyembamba ni kilo.

Kuna kazi moja ambayo sizidishi uzi: vitambaa vya meza vya kroshia. Pale thamani iko kwenye matundu, nyuzi mbili zinayaziba, na ndoano inashika mmoja ikiacha mwingine ukining'inia kila unapogeuza mkono. Kwa vitambaa hivyo naagiza uzi wa pamba mwembamba, mmoja, wenye msokoto mkali, na mteja akitaka kizito namwambia anunue kitambaa cha dukani.