Mwalimu wa Houston aliyekaa bungeni nusu karne



Hapa kwetu mwalimu akiacha chaki na kwenda kugombea ubunge, watu husema amepotea. Akiwa mwanamke ndiyo kabisa, wazee watamkalisha kikao. Tumeona tuzungumze habari za mwalimu mmoja wa Marekani, Bibi Senfronia Thompson wa Houston, aliyeingia bunge la jimbo la Texas Januari 1973. Januari 2025 aliapishwa kwa muhula wa 27, akiwa na miaka 86. Hakuna mwanamke wala Mweusi mwingine aliyekaa muda mrefu kama huo katika bunge hilo.

Kwanza tueleze bunge lenyewe, maana wengi wetu tukisikia Marekani tunafikiria Washington tu. Kila jimbo kule lina bunge lake na sheria zake. Baraza la Wawakilishi la Texas lina viti 150, na kila baada ya miaka miwili mjumbe anarudi kwa wapiga kura. Kikao cha kawaida hufanyika mwaka usiogawika kwa mbili tu, nacho hakizidi siku 140. Mswada usiopita ndani ya siku hizo umekufa. Mwenye nao asubiri kikao kijacho aanze upya. Na mshahara? Alipoingia yeye ulikuwa dola 400 kwa mwezi. Mwaka 1975 ukapandishwa hadi dola 600, na umebaki hapo hapo mpaka leo, ukiondoa posho za siku za kikao. Wanaodhani kila bunge ni shimo la fedha wasome tena hapo.

Bibi Thompson alizaliwa Booth, Texas, mwaka 1939, akakulia Houston wakati watoto Weusi na Weupe hawakusoma pamoja. Alisomea biolojia katika Texas Southern University, chuo kilichoanzishwa kwa ajili ya Weusi, akapata shahada ya pili ya elimu Prairie View, kisha akafundisha katika shule za Houston.

Njia ya bungeni ilifunguka mwaka 1972. Zamani wabunge kadhaa wa Houston walichaguliwa kwa pamoja katika eneo moja kubwa, na kura za mitaa ya Weusi zikamezwa. Mipaka ilipochorwa upya na kila kiti kikapewa eneo lake, mitaa hiyo ikapata watu wake. Aliingia pamoja na wenzake wa rika lake, mmoja wao Mickey Leland, kijana aliyesomea ufamasia. Leland baadaye alikwenda Kongresi Washington, akawa msemaji wa wenye njaa duniani, akafa katika ajali ya ndege Ethiopia mwezi Agosti 1989 akielekea kambi ya wakimbizi wa Sudan. Kwa hiyo mmoja wa darasa lile la 1972 alifia upande wetu wa dunia.

Mapokezi hayakuwa ya heshima. Katika kikao chake cha kwanza mbunge mwenzake alimwita hawara wake mweusi mrembo. Angeweza kunyamaza, maana alikuwa mgeni na wao ndio wenyeji. Aliomba nafasi, akasimama mbele ya baraza zima na kulisema jambo hilo waziwazi. Mwalimu aliyezoea darasa la watoto watundu anajua kwamba ukiliacha la siku ya kwanza, mwaka mzima umeshakwisha.

Lakini kazi tunayotaka watoto wetu waijue hasa ni ya sheria ya James Byrd. Juni 1998, katika mji mdogo wa Jasper, wanaume watatu Weupe walimfunga Bwana Byrd kwa mnyororo nyuma ya gari wakamburuta mpaka akafa, kwa sababu ya rangi yake. Texas ilikuwa na sheria ya uhalifu wa chuki ya mwaka 1993, lakini haikutaja ni makundi gani yanalindwa, ikawa kama kisu kisicho na makali. Bibi Thompson alipeleka mswada wa kuyataja. Mwaka 1999 ulipita katika Baraza, ukakwama Seneti. Kulikuwa na waliouliza: wauaji wameshapatikana na hukumu kali ipo, sheria mpya ya nini? Wengine hawakutaka baadhi ya makundi yawemo katika orodha. Akangoja miaka miwili, akaurudisha. Mei 2001 gavana Rick Perry akatia saini. Ukimdhuru mtu au mali yake kwa chuki, kosa linaweza kupandishwa daraja la adhabu. Katika orodha ile, pamoja na rangi na asili, imo dini.

Miezi minne baadaye ikaja Septemba 11. Wiki ile ile msikiti wa Irving ulipigwa risasi, na wa Denton ukatupiwa chupa ya moto. Yote mawili ni miji ya Texas. Mwalimu wa biolojia asiye Mwislamu alikuwa ameshaliandika neno "dini" katika kitabu cha sheria kabla Waislamu wa huko hawajajua watalihitaji kiasi gani.

Ndiye pia aliyepeleka sheria ya 1995 iliyoruhusu mahakama ya Texas kumwamuru mume amtunze mtalaka wake, ingawa kwa masharti mengi: kwa kawaida ndoa iwe imefika miaka kumi, na matunzo yasizidi miaka mitatu. Sisi tuliosomeshwa habari za eda na kitoka nyumba tutashangaa kwamba walichelewa hivyo.

Shahada ya sheria aliipata akiwa tayari mbunge, kisha akaongeza nyingine ya sheria za kimataifa. Mwaka 2021 alipeleka mswada wenye jina la George Floyd, mtoto wa Houston aliyeuawa na polisi Minneapolis mwaka mmoja kabla. Haukupita mzima. Baadhi ya vipande vyake vilipita katika miswada mingine midogo.

Januari 2023, akitimiza miaka 50 katika ukumbi ule, waliapishwa humo Waislamu wa kwanza kuchaguliwa katika bunge la Texas, Salman Bhojani na Suleman Lalani, wote wenye asili ya Pakistan. Mmoja ni mwanasheria, mwingine ni daktari. Mwalimu bado.