Gurnah na Mpaka wa Historia: Usomaji kutoka Chebunyo

Aghalabu wahakiki humgawa Abdulrazak Gurnah mafungu mawili: mwandishi wa uhamiaji wa leo na mwandishi wa historia ya ukoloni. Mgawanyo huo hauafikiani na kazi zake. Mzaliwa huyu wa Unguja wa mwaka 1948, aliyehamia Uingereza angali kijana na kutunukiwa Tuzo ya Nobel mwaka 2021, alianza na riwaya za wakati wake, kama Memory of Departure (1987) na Dottie (1990). Paradise (1994) ndiyo iliyomrudisha katika Afrika Mashariki ya enzi ya Wajerumani. Afterlives (2020) ikawafuata askari vitani na baada ya vita. Swali, hata hivyo, ni lile lile: aliyeng'olewa kwao hubaki na nini? Yusuf wa Paradise, aliyetolewa rehani kwa deni la babake, anamtangulia Saleh Omar, mkimbizi wa By the Sea (2001).

Swali hilo si la pwani pekee. Huko Chebunyo, katika nchi ya Wakipsigis, msomaji wa Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis (2022), hawezi kukosa kuukumbuka ukoo wa Talai, uliohamishiwa Gwassi kwa sheria ya mwaka 1934. Majalada ya serikali yalihesabu wahamishwa. Riwaya huuliza nani aliwabeba watoto. Uhakiki unaoitenga historia na leo humnyima msomaji huyo sehemu inayomhusu zaidi.