Rambirambi Si Fidia

Mama mwenzangu, huku kwetu Mbulu na Hanang msiba ni wa kijiji kizima. Majirani huleta kuni, mahindi na maziwa, na mfiwa haachwi alale peke yake. Ni desturi njema. Lakini kifo cha barabarani kina jambo ambalo desturi hiyo peke yake hailimalizi, nalo ni fidia. Katika siku hizo hizo za matanga ndipo haki ya watoto huokolewa au hupotea.

Kaka yangu aligongwa na pikapu akitoka mnadani kwa baiskeli. Mwenye gari tunafahamiana naye, hata kanisani tunasali pamoja. Alileta ng'ombe, magunia mawili ya mahindi na fedha za jeneza, tukamshukuru. Siku ya tatu alirudi na karatasi iliyosema kwamba familia imepokea, haina madai zaidi, na haitaki jambo liendelee polisi. Wazee wengine walisema, "Tuyamalize kindugu. Mkristo husamehe." Wifi yangu akajibu kwa upole, "Baba, rambirambi nimeipokea, nawe nimekusamehe. Karatasi nitaisoma kwanza na wanangu." Hakuisaini.

Je, kusamehe na kudai vinagombana? La hasha! Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inamtaka mwenye chombo cha moto, hata pikipiki, awe na bima kwa ajili ya watu wengine ambao chombo hicho chaweza kuwaumiza au kuwaua. Mwenye gari amekwisha kulipa ada ili siku ya balaa kampuni ibebe mzigo. Anayedai hamnyang'anyi jirani ng'ombe wake. Anaitaka kampuni itimize ahadi iliyolipiwa. Bali ajali ikifichwa polisi, kampuni imepewa sababu ya kukataa.

Basi, tuyafahamu haya mapema.

Kwanza, ajali iandikwe polisi, na namba ya usajili wa gari ihifadhiwe. Zamani Shirika la Bima la Taifa lilikuwa peke yake, lakini tangu sheria ya mwaka 1996 kampuni ni nyingi. Kwa namba hiyo, Mamlaka ya Usimamizi wa Bima (TIRA) huweza kuonyesha kama bima ilikuwa hai na ni ya kampuni gani.

Pili, marehemu asizikwe kabla daktari hajamchunguza, iwe Haydom, Katesh au kwingineko. Taarifa ya daktari, taarifa ya polisi pamoja na ramani ya ajali, hukumu kama dereva alishtakiwa, na cheti cha kifo kutoka RITA ndivyo vitakavyosema kwa niaba ya marehemu.

Tatu, kikao cha ukoo kimpendekeze msimamizi wa mirathi, na mahakama imthibitishe. Mjane mwenyewe aweza kuwa msimamizi. Akiwa ni shemeji, akumbuke kwamba yeye ni mtumishi tu, kwani Sura ya 310 inawataja mke au mume, watoto na wazazi kuwa ndio wanaodaiwa fidia ya kifo. Nawe uliyeolewa kimila usirudi nyuma. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inaitambua ndoa yako.

Nne, jihadhari na vishoka wanaotaka nusu ya malipo. Kabla ya kusaini hati ya kampuni kwamba umeridhika, msomeshe mtu unayemwamini. Usiporidhika, iko ofisi ya TIRA ya Kanda ya Kaskazini huko Arusha, na yuko Msuluhishi wa Migogoro ya Bima. Usikae miaka, maana madai yana ukomo wake.

Neno moja kuhusu safari zetu za mnadani. Anayepanda juu ya shehena ya lori anaweza kukuta bima ya lori lile haimhusu abiria. Nauli ya basi ni kubwa kidogo, lakini itunze tiketi yake. Na kama marehemu alikuwa dereva au utingo aliyeajiriwa, ulizia pia Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi (WCF), ulioanza mwaka 2015.

Madai ya wifi yangu yalichukua zaidi ya mwaka, na nauli nyingi za kwenda na kurudi. Kilicholipwa hakikumrudisha kaka, ila watoto hawakuacha shule na shamba halikuuzwa. Mwenye pikapu bado tunasalimiana naye kila Jumapili, wala hakupungukiwa na kitu.

Jioni ya leo, baada ya chakula, mwombe baba watoto mkusanye pamoja vyeti vya ndoa, vya kuzaliwa vya watoto, na kadi za kliniki. Viwekeni mahali pakavu, na mtoto mkubwa apafahamu. Huko si kumtabiria mtu kifo. Ni kuitunza nyumba.