Malori Mlangoni kwa Jirani



Tulialikwa kutoa darsa katika misikiti ya Busia na Malaba. Aujuaye mpaka ule hahitaji kusimuliwa: malori yaendayo Uganda, Rwanda na Kongo hupanga foleni ya kilomita kadhaa, na foleni hiyo hupita mbele ya milango ya watu. Huko Malaba, baada ya darsa, mama mmoja alituuliza kutoka nyuma ya pazia: “Sheikh, ni halali kuishitaki serikali kwa sababu ya jambo la manufaa ya wote?” Alikuwa amepata habari kwamba maegesho ya malori yatajengwa ukutani pake. Majirani walimwambia anapinga maendeleo. Mwengine akamwambia kwamba kushitaki ni fitna.

Suala hili si dogo. Ziko kaida mbili za fiqhi zinazokutana hapa: kwamba madhara huondolewa, na kwamba madhara ya wachache huvumiliwa ili kuwakinga wengi. Wenye miradi huipenda hii ya pili (wengine hawaijui nyengine). Lakini mafakihi hawakuiacha bila mizani. Ibn al-Rami, fundi mwashi wa Tunis katika karne ya 14, aliandika kitabu kizima juu ya hukumu za majengo, na humo mna moshi wa hamamu na tanuri na harufu ya viwanda vya ngozi. Mji unavihitaji vyote hivyo, na bado jirani aliyeudhika alisikilizwa. Kwenda mbele ya kadhi kudai haki ya jirani hakukuitwa fitna.

Sheria ya Kenya nayo imefungua mlango. Ibara ya 42 ya Katiba ya 2010 yampa kila mtu haki ya mazingira safi yenye afya, na Ibara ya 70 yamruhusu kwenda mahakamani bila kuthibitisha kwamba kuna mtu aliyekwisha kudhurika. Yaani si lazima mtoto aanze kukohoa ndipo mama asikilizwe.

Sisi wa pwani tunaijua tofauti hiyo kwa uchungu. Lamu walipinga mtambo wa umeme wa makaa ya mawe kabla haujajengwa, na mwezi Juni 2019 Baraza la Rufaa za Mazingira likafuta leseni yake, kwa kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Owino Uhuru, hapa Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kilikuwa kimekwisha kutia risasi katika damu za watoto. Mwaka 2020 mahakama iliamuru fidia ya shilingi bilioni 1.3, hukumu ikatenguliwa katika rufaa, na ni Desemba 2024 tu Mahakama ya Juu ilipoirudisha. Hakuna fidia iwezayo kuitoa sumu mwilini mwa mtoto.

Hata hivyo, tulimwambia mama yule kwamba malori lazima yalale mahali. Maegesho yenye vyoo, taa na ukuta huenda yakawa bora kuliko hali ya sasa, ambapo dereva hujisaidia penye kichaka cha jirani na injini hunguruma hadi alfajiri. Kwa hiyo adai kwanza kuulizwa: kwa nini hapa, maji machafu yatakwenda wapi, lango litaelekea upande gani? Aombe kuiona ripoti ya athari kwa mazingira. Leseni ikitolewa naye hakuridhika, rufaa kwa Baraza ina muda wa siku 60, na siku hizo huisha watu wakingali kwenye vikao.

Akauliza aende na nini. Tukamwambia aanze na daftari: tarehe, saa, moshi, kelele, mtoto gani aliugua, kisima kipi kilibadilika rangi. Kina mama ndio washindao nyumbani, nao wayajua haya kuliko mhandisi yeyote. Aandike pamoja na jirani zake Wateso, Waislamu kwa Wakristo, maana moshi haubagui. Mahakama ya Mazingira na Ardhi ipo Busia mjini. Kutoka Malaba ni safari ya matatu moja.