Sahani 12 za Karanga

Novemba 2018 nilimfuta kazi mpishi kwa wizi wa nyama ambayo hakuna aliyeiiba. Hesabu iliyomtia hatiani niliitengeneza mimi. Miezi mitatu baadaye niligundua kosa langu, nikalirekebisha kimyakimya, kisha nikapandishwa cheo. Leo mimi ni mkurugenzi wa shughuli katika kampuni yenye mikahawa kadhaa hapa Kenya, na wasichana huniuliza nilifikaje hapa. Sehemu ya jibu ni hii, na sijawahi kuisema jukwaani.

Nilizaliwa Manyatta, kaskazini mwa mji wa Embu, pale kahawa inapoishia na majani chai yanapoanza. Nikiwa kidato cha tatu nilikuwa nikiosha vyombo wakati wa likizo katika hoteli ya mabati karibu na soko. Mpishi wa pale, mama ambaye sitamtaja jina, ndiye aliyenifundisha kukaanga kitunguu bila kukiunguza na kubeba sahani nne kwa mikono miwili. Aliniita mami, kama akina mama wa kwetu wanavyowaita mabinti zao. Baadaye nilisomea Chuo cha Utalii, kule Ruaraka, na huko nikafundishwa kukitazama chakula kwa jicho la mhasibu.

Nilipokabidhiwa mkahawa wa kampuni mjini Embu, nilimtoa yule mama kwenye mabati nikamwajiri. Karanga yake, yaani nyama ya ng'ombe ya kukaangwa yenye mchuzi, ndiyo iliyojaza viti saa saba mchana. Hakuwa na kipimo ila upawa: vipande vitano, kimoja chenye mfupa, mchuzi wa kutosha ugali. Lakini makao makuu yalitaka kila chakula kiwe na kadi yake, ili sahani ya Embu isipishane na ya Nairobi. Nikaketi usiku mmoja nikaandika: karanga, sahani moja, nyama gramu 250. Kilo 10 za ng'ombe, sahani 40. Nikanunua mizani, nikaiweka kando ya jiko, nikamwambia upawa sasa ni wa mchuzi tu.

Siku ya kwanza kilo 10 zilitoa sahani 28. Ya pili, 28. Wiki ikaisha hivyo, na ya pili yake vilevile. Nilizidisha zile sahani 12 kwa siku za mwezi, moyo ukanipasuka. Mama alijaribu kunieleza. Alinisimamisha kando ya sufuria akasema, "Mami, nyama mbichi si nyama iliyoiva." Mimi nikaona ananipigia methali ili akwepe swali.

Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41, inamtaka mwajiri amweleze mfanyakazi tuhuma kwa lugha anayoielewa, awepo mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, na utetezi wake usikilizwe kabla ya uamuzi. Kifungu hicho nilikuwa nakijua vizuri. Hata hivyo nilimwita peke yake, kwa dakika kumi, na barua ilikuwa imeshachapwa kabla hajaketi. Alipotoka alipitia jikoni, akavua aproni, akaikunja, akaiweka juu ya mizani.

Mpishi mpya alikuwa kijana kutoka Meru. Naye akatoa sahani 28. Nikaanza kumshuku naye pia, na hapo ndipo nilipojiuliza ni wezi wangapi wanaoweza kuiba kiasi kilekile kila siku. Februari 2019, Jumapili asubuhi kabla ya kufungua, nilifunga aproni nikapika mwenyewe. Nilipima kilo 10 mbichi, nikakaanga, nikaziba, nikangoja. Nyama ilitoa maji yake, mafuta yakapanda juu, vipande vikajikunja. Nilipoiopoa na kuirudisha kwenye mizani, sindano ilisimama kwenye 7.

Kilo 7 ukizigawa kwa gramu 250 unapata sahani 28. Kadi yangu ilisema gramu 250 bila kusema ni mbichi au zilizoiva. Hesabu ya stoo niliipiga kwa nyama mbichi, na mama alipakua kwa nyama iliyoiva, kwa uaminifu, gramu kwa gramu, jinsi nilivyomwagiza. Sahani 12 zilikuwa zimeondoka na mvuke.

Kadi niliisahihisha siku hiyohiyo. Ripoti niliyotuma Nairobi ilisema upotevu wa nyama umekomeshwa. Neno "nilikosea" halikuwemo. Mwaka huo nikahamishiwa makao makuu.

Nilijipa sababu nyingi za kunyamaza. Nilisema nailinda kampuni isishtakiwe. Nilisema pia kwamba meneja mwanamke akikosea hesabu mara moja, watu huimba kosa hilo hadi anastaafu. Mwaka 2021, Priscilla Gathungu alipoteuliwa kuongoza Java House, kampuni iliyoanza na mkahawa mmoja Nairobi mwaka 1999, tulisambaza picha yake usiku kucha kwenye WhatsApp, tukipongezana kwamba zamu ya wanawake imefika. Hiyo ya watu kutuonea ni kweli, lakini niliyemwonea mimi alikuwa mwanamke pia, tena asiye na wa kusambaza picha yake.

Nilikwenda kwa yule mama Aprili 2023. Alinimiminia chai. Nilipomaliza kueleza, aliniuliza, "Hiyo kadi uliirekebisha lini?"

"Februari 2019, Mama."

Alinyamaza kidogo. "Kunywa chai, mami. Inapoa."

Nilikuwa nimebeba mishahara ya miezi 12, kiwango cha juu ambacho mahakama ingeweza kumpa kama fidia. Ingeweza, kama angeshtaki mapema. Sheria ileile ya Ajira inampa mfanyakazi miaka 3 kupeleka dai lake, na mimi nilikuwa nimekaa na ukweli wa kosa langu mkobani hadi miaka hiyo ikapita. Kosa la mizani lilimnyang'anya kazi. Kimya changu kikamnyang'anya haki ya kuidai.

Pesa alizipokea. Kisha akaniomba jambo moja. Chama cha akina mama wa kijiji kilikuwa kimemwondoa kwenye uwekahazina mwezi uleule nilipomfuta kazi, kwa sababu mtu aliyeiba nyama hawezi kuachiwa kisanduku. Alitaka barua ya kumsafisha isomwe pale, na niisome mimi. Nikaisoma, nimesimama, mbele ya wanawake walionijua nikiosha vyombo. Hakuna aliyepiga makofi. Mmoja aliuliza kama ninaweza kurudia pale penye tarehe.

Wewe unayeongoza jikoni au ofisini, mfanyakazi anayepika kila siku akikwambia kitu kuhusu nyama, ipime kabla hujaandika barua. Na ukishajua kwamba ulikosea, nenda kwake wiki hiyohiyo.

Kadi zetu zote sasa zinasema: karanga, sahani moja, nyama gramu 250 mbichi, gramu 175 ikiiva.