Afande Sumu wa Kibaha: Mjeda Ambaye Kazi Yake Haina Selfi

Wadau, ukitaja mwanajeshi mtaani kila mtu anapata picha ileile: kombati, bunduki, kifua, na mrembo mmoja anayetamba kwamba shemeji yenu ni mjeda. Leo nawaletea afande wa aina nyingine kabisa. Jina simtaji. Ni Meja mstaafu, anakaa Kibaha, anafuga kuku wa mayai, kwao ni Kisarawe na huko ana mikorosho. Jeshini fani yake ilikuwa kujikinga na silaha za kemikali. Mtaani wanamwita Afande Sumu. Anajua, na wala hajali.

Kilichotupeleka kwake ni dogo langu. Mwaka jana alimaliza Form Six, PCB, akapiga mujibu wa sheria pale JKT Ruvu. Akarudi kakonda, mweusi tii, anaamka saa kumi na moja bila kuamshwa. Akatangaza chuo hataki, anataka jeshi. Mwaka mzima ukaisha yuko nyumbani anasubiri tangazo la kuandikisha. Mama akaona njia ya mkato: Meja ampigie mtu simu. Sasa mfuga kuku huwezi kumpelekea kuku, ikabidi tubebe maembe.

Meja alimsikiliza mama hadi mwisho, kwa heshima zote, shikamoo na marahaba zake. Halafu akamgeukia dogo.

"Kemia ulipata nini?"

"C, afande."

"Sarini ni kitu gani?"

Dogo kimya. Mimi ndiyo usiseme.

Ikabidi atufundishe, na nakiri sijawahi kusikiliza somo vile nikiwa shule. Sarini ni sumu ya vita, lakini ilipatikana Ujerumani mwaka 1938 na wataalamu waliokuwa wanatafuta dawa ya kuua wadudu. Ni ukoo mmoja na baadhi ya viuatilifu mnavyoviona kwenye maduka ya pembejeo, tofauti ni ukali. Mwilini kuna kimeng'enya ambacho kazi yake ni kuzima ishara za neva zikishafika kwenye misuli na tezi. Sumu hii inakizuia hicho. Ishara haizimiki. Mboni za macho zinasinyaa, mate yanamwagika, jasho, misuli inatetemeka, mwisho pumzi inagoma. Mwaka 1995 kikundi cha dini kiliimwaga kwenye treni za chini ya ardhi kule Tokyo, watu zaidi ya kumi wakafa na maelfu wakakimbilia hospitali. Moja ya dawa za kumwokoa mtu ni atropini, na dawa hiyohiyo anachomwa mkulima wa mchicha aliyevuta kiuatilifu cha ukoo huo.

"Kwa hiyo mnaoweka dawa ya mboga kwenye chupa ya maji ya kunywa," Meja akasema, "mna kasarini kenu ndani."

Mama alicheka. Meja hakucheka.

Kisha akatutajia Vikuge. Wangapi mnapita Kibaha kila siku na hamjui habari hii? Mwaka 1986 ilifika pale kwenye shamba la serikali la nyasi za mifugo shehena ya viuatilifu, takriban mita za ujazo 170, msaada kutoka Ugiriki, na sehemu ya mzigo ilikuwa imeshapitwa na muda. Ukawekwa kwenye banda la wazi, banda likaanguka. Baadaye mzigo ukaondolewa, lakini watafiti walipokuja kupima udongo walikuta sehemu zenye DDT hadi asilimia 28. Hapo hakuna adui aliyerusha bomu, ni zawadi tu.

Mwezi wa saba tulimfuata shambani Kisarawe, mikorosho ikiwa inatoa maua. Vijana walikuwa wanapuliza salfa kuzuia ubwiri unga, mashine mgongoni, usoni wamejifunga kitambaa. Meja akasimamisha kazi. Kitambaa kinapunguza vumbi kidogo, akasema, lakini gesi inapita kama haijaona kitu. Akamshika kijana mmoja kidevu: hata ningekupa barakoa ya jeshi, na hizi ndevu ungekufa nayo, kwa sababu mpira haushiki ngozi. Kumbe wajeda kunyoa siyo unadhifu peke yake! Mavazi yenyewe ya kinga, kwa joto la Pwani, ni kuvaa oveni. Unavaa na mwenzako, yeye anakukagua, wewe unamkagua, na mnaangalia saa, maana jua linaweza kukuangusha kabla ya sumu.

Hapo ndipo dogo alipouliza swali la maana kwa mara ya kwanza: ikitokea gesi, unakimbilia wapi? Angalia upepo, Meja akamjibu. Usikimbie ukiufuata, ukate kwa pembeni, kisha panda mlimani. Klorini ni nzito kuliko hewa, inalala mabondeni. Mwaka 1915 kule Ypres, Ubelgiji, Wajerumani waliifungulia, ikashuka kwenye mahandaki walimojificha wenzao. Na klorini hiyohiyo, kwa kipimo, ndiyo inayosafisha maji ya kunywa. Maji ya Ruvu yanayofika Kisarawe tangu mradi ule wa Kibamba ulipozinduliwa mwaka 2020 hatuyaogopi. Kitu ni kilekile, kipimo ndiyo kesi.

Tarehe 29 Aprili Meja hana mchezo nayo. Mkataba wa kupiga marufuku silaha za kemikali ulianza kazi tarehe hiyo mwaka 1997, na Tanzania ikaridhia mwaka uliofuata. Tarehe hiyohiyo mwaka 2009 mabomu ya ghala la jeshi yalilipuka Mbagala, na Februari 2011 ikawa zamu ya Gongo la Mboto. Hayo hayakuwa ya kemikali. Yeye anasema aliwaza kitu kimoja tu: umati ule wote unakimbia, na hakuna anayetazama upepo.

Njia yake kikazi? Monduli, nyota ya kwanza begani, kozi juu ya kozi, madarasa mengi kuliko gwaride. Alichofanya ndani ya jeshi hakusimulia, na mimi sikuchimba. Ila alimwambia dogo kwamba milango ni mingi. Mkemia Mkuu wa Serikali ndiye anayesimamia mkataba ule hapa nchini, na kule The Hague kuna OPCW, shirika lililopata Nobel ya Amani mwaka 2013, linaloajiri wakaguzi kutoka nchi wanachama. Kote huko wanaanza na swali alilokuulizia Meja sebuleni.

Simu hakupiga. Mtaani wakasema mzee ana roho mbaya, ameshakula pensheni anawabania watoto wa wenzake. Mama alinuna wiki mbili, mayai akawa ananunua dukani kwa bei ya juu kumkomoa. Mimi nipo upande wa Meja, japo nyumbani nalisema kwa sauti ya chini. Simu ingemwingiza dogo mlango wowote, na sidhani kama angejua amesimama chumba gani.

Dirisha la vyuo lilipofunguliwa dogo alijaza mwenyewe, usiku, kwa bando langu. Chaguo la kwanza kemia, Mlimani. Jeshi hajaliacha, kalisogeza mbele. Jana kanyoa kile kindevu chake alichokuwa anakitunza, na nilipomuuliza akasema ni joto tu. Mama ameanza tena kununua mayai kwa Meja. Majibu ya chuo bado.