Falaki Si Ramli: Habari ya Wingu Dogo



Katika miji yetu ya pwani neno falaki limechafuka. Likitajwa barazani, wengi hukumbuka mtu mwenye kitabu kilichochakaa, anayeuliza jina lako na jina la mama yako, akapiga hesabu, kisha akakutajia nyota yako, adui yako na ada yake. Ndiyo maana mwezi uliopita mama mmoja alitujia baada ya darsa akiwa na dhiki. Binti yake amepata nafasi ya kusoma fizikia chuo kikuu, na nia yake ni kuendelea na elimu ya nyota. Bibi yake amekataa katakata; asema karo ya mjukuu wake haitalipiwa uganga. Baba amenyamaza. Mama akatuuliza: "Shekhe, jambo hili lina ubaya gani, au halina?"

Siku ile tulimjibu kwa ufupi kwamba halina ubaya. Leo twapenda kueleza kwa urefu, maana twajua kwamba swali hilo haliko katika nyumba moja tu.

Sisi tuliosomea chuoni tulifunzwa mapema kwamba nyota zina kazi. Zilimwonyesha msafiri kibla na zikamwongoza nahodha usiku. Mkulima naye alikitazama Kilimia, kile kishada kidogo cha nyota ambacho jina lake lenyewe latokana na kulima. Waarabu hukiita Thurayya, na ni nyumba ngapi za pwani zilizo na binti wa jina hilo! Nyota nyekundu inayokifuata wakaiita Dabarani, yaani mfuasi, na Wazungu wanaiita hivyo hadi leo: Aldebaran. Kwa macho matupu watu wengi huona nyota sita au saba katika Kilimia. Mwaka 1610 Galileo alikielekezea darubini yake akachora nyota 36. Leo yajulikana kuwa ni zaidi ya nyota 1,000, zilizozaliwa pamoja kama ndugu wa tumbo moja, na nuru yake husafiri kiasi cha miaka 440 kabla ya kutufikia.

Lakini habari tuliyokusudia ni ya kitu hafifu kuliko Kilimia. Katika karne ya 10 aliishi mwanachuoni Abdul-Rahman al-Sufi, mzaliwa wa Rayy katika nchi ya Uajemi. Kiasi cha mwaka 964 alikamilisha kitabu cha sura za nyota. Mbele yake alikuwa na kazi ya Myunani Ptolemy, iliyoheshimiwa kwa miaka 800, lakini hakuinakili tu. Alizitazama nyota mwenyewe, moja baada ya moja, akaandika mahali pake na mwanga wake kama alivyouona, na penye kosa akasahihisha. Kila kundinyota alilichora mara mbili: kama linavyoonekana kutoka ardhini, na kama linavyoonekana juu ya tufe la nyota.

Karibu na mdomo wa samaki mmoja katika michoro yake akatia alama ya doa mfano wa wingu dogo. Hakusema ni nini. Hakusema ni nyota ya mtu fulani, wala kwamba yaleta heri au shari. Aliandika kwamba lipo, na mahali lilipo. Huo ndio mwandiko wa kale zaidi uliobaki unaojulikana kuhusu wingu hilo.

Miaka 800 ikapita. Mwaka 1764 Charles Messier wa Paris alilitia katika orodha yake ya vitu vinavyofanana na mawingu angani, likawa nambari 31. Kilimia chetu kimo humo pia, nambari 45. Wataalamu wakabishana: je, ni wingu la gesi lililo karibu nasi, au ni mkusanyiko mkubwa wa nyota ulio mbali mno? Hapakuwa na njia ya kupima masafa.

Njia hiyo ilipatikana kwa kazi ya mwanamke. Henrietta Leavitt aliajiriwa katika kituo cha nyota cha Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, kwa ujira wa senti 30 za dola kwa saa. Kusikia kwake kulikuwa dhaifu. Kazi yake ilikuwa kuchungua picha za vioo, ambamo nyota ni vitone vyeusi, na kulinganisha kitone na kitone. Picha za wingu moja la kusini, liitwalo Wingu Dogo la Magellan, zilipigwa Peru, kwa kuwa wingu hilo halionekani kutoka Harvard. Humo aliona nyota ambazo mwanga wake huzidi na kupungua kwa zamu. Mwaka 1912 alitangaza kanuni aliyoipata katika nyota 25: kadiri zamu ya nyota inavyochukua siku nyingi, ndivyo nyota yenyewe ilivyo na nuru kubwa zaidi.

Wavuvi wetu watalifahamu jambo hili upesi. Ukijua nguvu ya karabai iliyo chomboni, basi kwa udogo wa mwanga wake utakadiria chombo kiko mbali kiasi gani. Leavitt aliwapa watu njia ya kujua nguvu ya karabai. Alifariki mwaka 1921. Miaka miwili baadaye Edwin Hubble, akiwa Mount Wilson kule California, aliona nyota ya aina hiyo ndani ya wingu la al-Sufi, akatumia kanuni ya Leavitt. Wingu likadhihirika kuwa galaksi nzima, nje kabisa ya galaksi yetu. Leo masafa yake yakadiriwa kuwa miaka milioni 2.5 ya safari ya nuru, nayo nuru hukata kilomita 300,000 kwa sekunde moja.

Hapo ndipo ramli na falaki zinapoachana. Mpiga ramli hukutajia yaliyofichika, hakuonyeshi alivyoyajua, na hakuna awezaye kumsahihisha. Mwenye elimu ya nyota huandika alichokiona, ili mwingine aje akipime na kumkosoa. Al-Sufi alimkosoa Ptolemy. Makadirio ya Hubble nayo yalikuwa mafupi mno, yakasahihishwa na waliomfuata. Ramli tumekatazwa, na tutaendelea kuikataza. Lakini kuandika ulichokiona bila kuzidisha wala kupunguza ni uaminifu, na uaminifu ndio tunaowafunza wanetu kila siku.

Basi wazazi, binti akiwaambia kwamba ataka kusoma elimu ya nyota, msimfunge kwa sababu ya jina lililochafuliwa na wengine. Mwulizeni atasoma nini, na karo yake mipangieni kama mnavyoipanga karo ya udaktari.

Nasi wa pwani tumejaliwa mahali pazuri pa kutazamia. Katikati ya Novemba, baada ya Isha, usiku usio na mawingu wala mbaamwezi, watoeni watoto mahali pasipo na taa. Kaskazini, nusu ya njia kati ya upeo na utosi, mtaliona wingu la al-Sufi, hafifu kama pumzi juu ya kioo. Geukeni kusini, chini zaidi, mtaliona wingu la Leavitt, ambalo yeye alilisoma katika vioo tu. Kwa wakati mmoja, mbingu yetu yatuonyesha yote mawili.

Wabillahi tawfiq.